Mkalimani wa Alhaji Nasibu

Karani wa ofisi ya kulinganisha vyeti aliigeuza diploma ya Idi mara mbili, kisha akauliza juu ni wapi.

"Hapo penye muhuri," Idi akamwonyesha.

Karani huyo, Ildephonse kwa jina, hakuwa mtu mbaya. Aliiweka karatasi sawasawa mezani, akawaita wenzake wawili waje waone. Mmoja alisema maandishi yake yanapendeza, yangefaa kutiwa kwenye fremu. Mwingine aliuliza kama hii ndiyo ile inayosomwa na waganga. Wakacheka kidogo, bila ubaya, wakarudi kwenye viti vyao. Idi alikuwa amesimama mikono nyuma. Ilikuwa mara yake ya nne kufika ofisini hapo tangu aliporudi kutoka Khartoum, mwaka ule vita vilipoanza huko, akiwa na begi moja tu, na karatasi hiyo ameifunga kwenye mfuko wa plastiki chini ya shati.

"Imeandikwa nini?" Ildephonse akauliza.

"Licence, digrii ya sheria ya Kiislamu. Miaka mine. Kabla ya hapo nilisoma lugha, na sekondari ya kwao."

"Bon. Na diplôme ya Serikali, ya kumaliza sekondari ya hapa kwetu, iko wapi?"

"Siko nayo. Niliondoka nimebakisha mwaka mumoja."

Ildephonse akaweka kalamu chini. "Sasa hii tuilinganishe na nini, bwana? Équivalence ni kulinganisha. We umeleta upande mumoja tu. Tena ni lazima itafsiriwe na mkalimani aliyeapishwa."

"Mi ndiye nawatafsiriaga watu. Wafanyabiashara wa Bwiza wote wananiletea barua zao za Dubai."

"Za watu, sawa. Ya kwako hauwezi kujitafsiria."

Aliirudisha karatasi kwa mikono miwili, kwa adabu, kama mtu anavyomrudishia mgeni kofia yake. Idi alikuwa na umri wa miaka thelathini. Alishuka ngazi, akarudi kwao Bwiza kwa miguu, maana mabasi yalikuwa hayana mafuta wiki ya pili sasa.

Nyumbani alimkuta mama yake, Mwantum, anaosha masufuria makubwa uani. Mwantum alikuwa mpishi wa karamu. Hakuna harusi ya Waislamu iliyofanyika Bwiza kwa miaka ishirini bila pilau lake. Hakumwuliza mwanawe ofisini wamesema nini. Aliutazama mwendo wake, akajua.

"Baba yako mukubwa alipita," alisema. "Jumamosi wageni wa Uarabuni wanakuja kuangalia shule yake. Mi nitapika. We utamkalimania. Yule mkalimani wake wa Kampala ni mgonjwa."

"Amenipa kazi ingine tena? Nilifikiri iko ile moja tu."

Kazi ile moja aliyokuwa amepewa na baba yake mkubwa, Alhaji Nasibu, ilikuwa hii: shule mpya ikifunguliwa, Idi atasimamia watoto wakitawadha na kuwafundisha wadogo alifu na be. Mkurugenzi alikuwa amekwisha kuajiriwa, Bwana Télesphore, Mkristo wa kutoka mikoani, mwenye licence yake ya fizikia na barua ya kukubaliwa. Alhaji alikuwa amemweleza Idi mambo hayo mbele ya watu, msikitini, mkono begani: "Mwanangu, Serikali inataka vyeti. We cheti chako ni cha akhera."

Na shule yenyewe ilikuwa nzuri. Hilo hata Idi hakulipinga. Ilijengwa upande wa Mutanga Sud, matofali ya kuchoma, madarasa ya sayansi chini na madrasa juu, ili mtoto wa Kiislamu asichague tena kati ya daftari na msahafu. Ilibaki paa la jengo la pili na maabara, na wageni ndio waliotarajiwa kuvilipia. Majina ya watoto mia na arobaini yalikuwa yamekwisha kubandikwa ukutani. La kumi na moja lilikuwa la Assia, mdogo wake Idi, miaka kumi na tano, section ya sayansi, yaani mchepuo wa masomo hayo. Alhaji alikuwa ameahidi kumsomesha bure, kwa ajili ya marehemu ndugu yake, na alipenda kulitaja jambo hilo.

Ijumaa Mwantum alipanda Kiriri, mtaa wa matajiri kilimani, kwenye nyumba ya Alhaji, kuandaa nyama na viungo. Jiko la nje lilikuwa kubwa kuliko vyumba vyake vyote viwili. Mke wa Alhaji, Bi Sijaona, aliketi kwenye kiti cha plastiki akichambua iliki na kuzungumza. Alikuwa na furaha. Mwanawe wa kwanza, Khaled, injinia, alikuwa amerudi kutoka Ubelgiji kusimamia ujenzi, na kesho atasimama kulia kwa baba yake amevaa tai.

"Mungu anajua kupanga, Mama Idi," Bi Sijaona akasema. "Angalia. Kama Khaled angekwenda Sudani vile ilikuwa imeandikwa, leo nani angetujengea shule?"

Mwantum alikuwa anakata vitunguu. "Ilikuwa imeandikwa wapi?"

"Kwenye liste ya vijana wa kupelekwa kusoma, si unajua. Jina lilikuwa la Khaled. Alhaji aliahidi mbele ya jumuiya kwamba atatoa mutoto wake mwenyewe, ili wengine waone, na wao watoe wao. Mi nikakaa siku tatu sitii chakula kinywani. Nikamwambia, mutoto wangu atasoma shule ya maana, sitaki aniletee makaratasi ya kusoma kinyumenyume. Basi akafikiri, akasema: iko ule wa marehemu."

Alisema hivyo kama mtu anayesimulia gauni lililombana akampa jirani. Kisha akainua macho, akaona kisu cha Mwantum kimesimama.

"Nilifikiri Alhaji alikuambia."

"Aliniambia," Mwantum akajibu, akaendelea kukata. "Nipe chumvi, Mama Khaled."

Mwaka ule wa safari ya Idi, Alhaji Nasibu alikuwa amekuja chumbani kwa Mwantum na kanzu nyeupe, akakaa, akalia. Alisema kwamba shule za kanisa zitamfanya Idi alisahau kaburi la baba yake. Alisema hisabati haitamjibu mtu kaburini. Mwalimu Melchior, aliyemfundisha Idi hisabati, alikuja mara mbili kuomba kijana aachwe amalize mwaka mmoja tu, na mara zote mbili Alhaji ndiye aliyemtokea mlangoni, akamwambia kijana huyu ana wenyewe. Mwantum alikuwa nyuma ya pazia. Hakutoka. Alikuwa mjane wa miezi saba, na aliamini kwamba shemeji yake anampa mwanawe kitu kikubwa kuliko alichonacho mwenyewe.

Mwantum aliyasema yote hayo kwa Idi alipofika nyumbani, mchana huohuo, bila kuvua kanga iliyonuka vitunguu. Idi alimsikiliza huku anatazama sakafu.

"Miaka kumi na mbili," Mwantum akasema. "Kila nikitoa salamu kwenye swala, namuombea Alhaji. Namuombea kuliko vile namuombea baba yako."

"Mama, ilishapita."

"Haijapita. Juzi umeenda tena kule ofisini, nimekuona ukirudi." Akakaa karibu naye, akapunguza sauti. "Wale wageni wanajua Kiswahili?"

"Apana."

"Kifaransa?"

"Apana. Labda Kiingereza kidogo. Na Khaled hakijui."

"Na Alhaji, Kiarabu?"

"Anasoma Korani vizuri sana. Maana haijui."

Kwenye chumba cha pili Assia alikuwa anapiga pasi sketi mpya ya buluu ya sare ya shule, ile aliyoileta fundi asubuhi, na pasi ya mkaa ilisikika ikigonga meza.

"Na Assia?" Idi akauliza.

"Assia atasoma popote. We ulisoma wapi?"

Halikuwa jibu, na wote wawili walilijua hilo. Lakini Idi alikumbuka mkono wa baba yake mkubwa begani, msikitini, na sauti ile tamu: cheti chako ni cha akhera. Akaingia ndani kuchukua kanzu yake, akampa Assia aipige pasi pia.

Jumamosi uwanja wa shule ulijaa. Viliwekwa viti vya harusi na turubai la buluu, na utepe mwekundu ulifungwa kwenye mlango wa jengo la kwanza. Wageni walikuwa watatu. Mkubwa wao, Sheikh Mubarak, alikuwa mzee mwembamba asiyependa kusifiwa. Kila Alhaji alipomwinamia, yeye alirudi nyuma hatua moja. Aliwaangalia watoto zaidi ya kuwaangalia wakubwa. Alimwuliza Idi kwa Kiarabu kama wasichana nao watatumia maabara, na Idi alipojibu ndiyo, alitabasamu.

Alhaji Nasibu alishika kipaza sauti. Khaled alikuwa kulia kwake, Bwana Télesphore nyuma, Idi kushoto na kipaza chake.

"Ndugu zangu," Alhaji akaanza, kwa Kiswahili chake cha minbarini. "Mimi sikusoma. Lakini niliapa kwamba kizazi chetu kitasoma elimu zote mbili. Nilianza na nyumba yangu. Huyu mnayemuona ananikalimania ni mtoto wa marehemu ndugu yangu. Yatima. Nilimpeleka kusoma dini kabla sijafikiria watoto wangu mwenyewe."

Watu wakasema takbira. Idi akainua kipaza.

Alijua hatari ilikuwa wapi. Kiswahili kimechukua maneno mengi kutoka kwa Waarabu. Angesema dhuluma, au haki, au yatima, au hiana, uwanja mzima ungeinua vichwa. Kwa hiyo alipita pembeni. Alitafuta yale maneno makavu aliyojifunzia darasani Khartoum, yale ambayo hayakuwahi kufika Bwiza, akayapanga polepole kwa sauti ileile ya upole aliyotumia kwa barua za Dubai. Alisema: mtu huyu aliahidi kumtoa mwanawe, huyu aliyesimama kulia kwake mwenye tai. Dakika ya mwisho alimficha, akanitoa mimi, mtoto aliyefiwa na baba, nikiwa wa kwanza katika darasa langu. Alimdanganya mama yangu. Mwanawe mwenyewe akampeleka Ulaya. Mimi nimerudi na karatasi ambayo hapa haifungui mlango wowote, na leo ananitafutia kazi ya kuangalia watoto wakinawa miguu.

Watu wakasema takbira tena. Imamu wa Bwiza, aliyeketi safu ya kwanza na Kiarabu chake cha swala tu, alitikisa kichwa kwa kuridhika. Khaled alirekebisha tai yake.

Sheikh Mubarak hakutikisa kichwa. Alimtazama Idi, akamtazama Alhaji, akauliza jambo kwa maneno machache.

"Anasema nini?" Alhaji akanong'ona.

"Anauliza kama haya niliyosema ni kweli."

Alhaji akacheka, akafungua mikono. "Mwambie ni kweli tupu. Wallahi. Na watu wote hawa ni mashahidi wangu. Mwambie sijutii hata siku moja, na ningeambiwa nirudie, ningerudia."

Hayo Idi aliyatafsiri neno kwa neno.

Mkasi wa kukatia utepe mzee alikuwa ameushika mkononi. Aliurudisha kwenye sinia yake, taratibu, akasema amechoka na safari na angependa kwenda kupumzika. Wenzake wawili wakainuka naye. Gari lilipoondoka Alhaji bado alikuwa anatabasamu, anawaeleza watu kwamba Waarabu ndivyo walivyo, joto la ziwani limemzidi. Sahani za wageni zilibaki zimefunikwa. Mwantum, nyuma ya masufuria, alijipakulia pilau, akaketi juu ya ndoo iliyopinduliwa, akala mpaka akamaliza. Watu wa karamu walisema hawajawahi kumwona anakula chakula alichopika mwenyewe.

Wiki tatu zikapita bila neno kutoka kwa wageni. Mafundi waliacha kazi. Bwana Télesphore aliwaita wazazi, akawaambia kwa Kifaransa cha heshima kwamba bila maabara section ya sayansi haitaidhinishwa, na kwamba wenye busara watafute nafasi kwingine kabla ya muhula. Wazazi walimwendea Alhaji dukani. Mmoja alimrushia sketi ya buluu ya mwanawe juu ya meza ya mauzo.

Ndipo Alhaji akaja kwa Mwantum, kwa miguu, kutoka dukani kwake. Viatu vyake vilikuwa na vumbi. Alikuwa na karatasi iliyochapishwa kutoka kwenye simu, na kilo mbili za sukari, ambayo siku hizo haikuonekana sokoni. Kiti kizuri kilikuwa ndani, lakini Mwantum hakukileta. Alhaji akakalia kigoda cha kukatia mboga, magoti yakamfika kifuani.

"Wamejibu," alisema. "Nisomee, mwanangu. Sijalala wiki nzima."

Idi akaichukua barua. Assia alikuwa mlangoni, amesimama.

Sheikh Mubarak alikuwa ameandika hivi: kwamba njiani alifikiri sana, kwa sababu hajapata kumwona mtu anayekiri ubaya wake huku anatabasamu. Huenda mkalimani hakumtendea sawa, na huenda alimtendea sawa. Hataki kuwaadhibu watoto kwa makosa ya wakubwa. Anachotaka ni Alhaji mwenyewe aandike, kwa maneno yake, jambo lilikuwaje. Akiandika ukweli, hata ukiwa mbaya, fedha zitatoka, na Alhaji ataondoka kwenye kamati ya shule. Asipojibu kwa siku thelathini, zitakwenda nchi nyingine.

Idi aliisoma mpaka mwisho kimoyomoyo. Alhaji alikuwa anautazama mdomo wake, kama Idi alivyokuwa anautazama mdomo wa karani Ildephonse.

"Wanasema bajeti ya mwaka huu imefungwa," Idi akasema. "Wanakuombea dua. Wanasema usihangaike kujibu."

"Basi?"

"Basi."

Alhaji aliikunja karatasi vibaya. Alijaribu kuinuka kwenye kigoda, akashindwa, na Idi ndiye aliyempa mkono. "Asante, mwanangu," mzee akasema. Na kwa Mwantum: "Shemeji, Mungu amekupa mutoto wa kukusaidia." Alisahau barua yake juu ya kigoda. Mwantum alichukua sukari, akaipeleka ndani, akafunga kabati.

Shule zilipofunguliwa Assia alipata nafasi kwenye shule ya mtaani, darasa la watoto tisini na wawili. Section ya sayansi ilikuwa imejaa, wakamweka ya lugha. Walikuwa wanakaa watu wanne kwenye dawati la watu wawili. Hakulalamika, na mama yake akaona ni tabia njema.

Assia alikuwa amesoma madrasa tangu ana miaka mitano, kwa hiyo herufi alizijua, lakini maana hakuwa nayo. Jioni moja, wiki ya pili ya shule, aliikuta barua ya Alhaji kwenye karatasi za kaka yake. Aliipiga picha kwa simu, akaiambia simu itafsiri. Kilichotoka kilikuwa Kiswahili kibovu, lakini siku thelathini zilikuwa zimeandikwa wazi, na zilikuwa zimebaki nane.

Aliiweka simu mbele ya Idi, ambaye alikuwa anakunywa chai.

"Soma," akasema.

Idi akasoma. Akaipindua simu kifudifudi.

"Assia, we hauelewi. Uliza mama, yule mutu alinifanyia nini."

"Nilikuwa hapo ukisomea baba mukubwa. Nilikuwa nimesimama mlangoni." Sauti yake haikupanda. "Ye alikutoa kwenye shule. Sawa. Mi nani amenitoa?"

Mwantum alitoka chumbani na mtandio wa swala kichwani, kwa kuwa alikuwa amesikia.

"Ni barua gani?"

Assia akamweleza. Ilikuwa mara ya kwanza kwa Mwantum kusikia kwamba shule ingali inawezekana. Alikaa chini. Watoto wake wote wawili walingoja, kila mmoja akitumaini lake.

"Acha," Mwantum akasema mwishowe. "Acha akose."

"Ni mi nakosa, mama. Ye iko na nyumba Kiriri."

"Akose na ye. Akufe akijua alikosa."

"Sasa atajuaje," Assia akasema, "kama hakuna mutu wa kumwambia?"

Akachukua simu, akavaa ndala, akatoka. Duka la Alhaji lilikuwa mitaa minne kutoka hapo. Idi aliinuka nusu, akarudi kukaa. Mwantum alikuwa anautazama mlango, na usoni mwake palikuwa na kitu ambacho Idi hakukitarajia. Ni kama mtu aliyekuwa ameshiba, akagundua kwamba chakula chenyewe hakijaletwa bado.

Shule ile ilifunguliwa, lakini si mwaka ule. Ilichukua miezi kumi na minne zaidi, na kamati yake ilikuwa mpya. Assia alikuwa amekwisha kufika mbali mno kwenye section ya lugha asiweze kuanza upya, kwa hiyo hakukaa kwenye dawati lake la huko hata siku moja. Idi aliitwa afundishe Kiarabu madarasa ya juu, akakubali, na mshahara wake ulikuwa nusu ya ule wa Bwana Télesphore kwa sababu ya cheti. Watu wa uani kwa Mwantum, hata hivyo, hawaizungumzii siku ya ufunguzi. Wanaizungumzia alasiri ile, kesho yake baada ya Assia kwenda dukani.

Alhaji Nasibu alikuja peke yake. Safari hii hakuleta sukari. Alikuwa ameelewa yote: kilichosemwa uwanjani, kiapo chake mwenyewe mbele ya kipaza sauti, na bajeti ambayo haikuwa imefungwa. Angeweza kumtafuta mkalimani mwingine. Lakini angelazimika kumweleza aibu hiyo mtu wa nne, nje ya hawa watatu wa nyumba hii, na mtu wa nne angewaambia wengine. Usiku mzima alikuwa amelipima jambo hilo, na sasa alisimama mbele ya mtoto wa ndugu yake aliyemwangamiza, kwa kuwa hakukuwa na mwingine aliyeijua aibu hiyo na kujua kuandika Kiarabu.

"Uliniua," alimwambia Idi.

"We ulianza, baba mukubwa."

Alhaji akatoa karatasi safi kutoka kwenye bahasha. "Tuingie ndani. Nitasema, uandike."

"Ndani kuna joto," Mwantum akasema.

Alikuwa ameketi kwenye kizingiti, hivyo hakuna aliyeweza kuingia bila kumruka. Uani, Béatrice wa Uvira, mpangaji wa chumba cha mwisho, alikuwa anaanika nguo, redio yake inaimba kwaya. Wanawake wengine wawili walikuwa wanachagua maharage. Watoto walikuwa wanacheza karibu na bomba.

"Shemeji," Alhaji akasema chinichini. "Tuko na heshima yetu."

"Tulikuwa nayo. Idi, kaa hapo. Usiandike kitu mpaka mi nisikie. Barua ni ya Kiarabu, mi Kiarabu sikijui. Nataka Kiswahili."

Assia alileta kigoda kilekile cha kukatia mboga, akamwekea Alhaji katikati ya ua. Alhaji alikitazama. Kisha akakaa, akaegemeza viwiko kwenye magoti, akasema huku anaangalia mchanga:

"Andika. Andika kwamba kijana alisema kweli. Jina lilikuwa la Khaled. Nilimtoa Idi, mutoto wa ndugu yangu, kwenye darasa lake, nikamweka mahali pa mwanangu. Mama yake nikamwambia ni dini."

Kalamu ya Idi ilikwenda kutoka kulia mpaka ilipofika kwenye neno la mwisho, ambalo ni lilelile kwa lugha zote mbili, ikasimama. Wanawake wa maharage walikuwa wameacha kuchagua. Béatrice aliweka nguo begani, akaenda dirishani kwake, akanyonga sauti ya redio mpaka ikanyamaza. Alhaji Nasibu alinyoosha mkono kwa Idi, kutaka kalamu, atie sahihi aondoke.

"Rudia," Mwantum akasema. "Béatrice hakusikia."